Nakuru: Ziwa Lililozungushiwa Uzio

Mwezi wa Februari 1977 Serikali ya Tanzania ilifunga mpaka wake na Kenya. Jumuiya ya Afrika Mashariki ilikuwa ikivunjika, ndege za shirika la pamoja zilikuwa zimekwisha kusimama, magari yalizuiwa Namanga na Holili, na kwa karibu miaka 7, hadi Novemba 1983, askari wa pande mbili walikaa kwenye vizuizi wakitazamana. Ndege za chuma zilisimama, lakini ndege wa nyama na manyoya hawakusimama. Miaka ile yote heroe waliendelea kuvuka mpaka ule usiku, kundi baada ya kundi, bila pasi wala kibali. Walizaliwa Tanzania, katika Ziwa Natron, na wakaenda kula Kenya, katika Ziwa Nakuru. Hakuna askari wa upande wowote aliyepewa amri ya kuwazuia, na kama angepewa asingeweza kuitekeleza.

Katika mazungumzo haya kuhusu nchi jirani inafaa kulitazama Ziwa Nakuru, kwa kuwa historia yake ni historia ya lindo. Kwa muda wa miaka 60 na zaidi watu wamepewa silaha, sare na uzio ili walilinde ziwa hilo, na kazi hiyo wameifanya vema. Hata hivyo ndege waliokuwa sababu ya lindo lenyewe wameondoka kwa malaki. Msikilizaji aliyewahi kushika zamu ya usiku ataelewa upesi uzito wa jambo hilo.

Ziwa Nakuru limo katika Bonde la Ufa, mwendo wa kilomita zipatazo 160 kutoka Nairobi, mahali palipoinuka zaidi ya mita 1,750 juu ya usawa wa bahari. Mito michache huingia ndani yake, ikiwemo Njoro, Makalia na Nderit, pamoja na chemchemi za Baharini. Lakini hakuna mto unaotoka. Maji yanayoingia hayana njia nyingine ila kupanda mbinguni kwa jua, na chumvi yote waliyoibeba kutoka milimani hubaki nyuma. Ndiyo maana maji ya Nakuru ni ya magadi. Mtu hawezi kuyanywa, samaki wa kawaida hawezi kuishi humo, na kwa macho ya mgeni ziwa hilo laonekana kama kitu kilichoharibika.

Kwa ndege mambo ni kinyume. Katika maji hayo ya magadi, yenye kina kifupi na joto la kutosha, huota mwani mdogo sana, usioonekana kwa macho punje kwa punje, ambao ukiwa mwingi huyafanya maji yote kuwa ya kijani kibichi kama supu ya mchicha. Heroe mdogo huinamisha shingo, akakigeuza kichwa chini juu, akavuta maji na kuyachuja kwa ulimi na mdomo wake. Rangi yake ya waridi hutokana na chakula hicho. Katika miaka mizuri heroe wa Nakuru walikadiriwa kupita milioni moja, na ukingo wa ziwa ulionekana kutoka vilimani kama utepe mwekundu uliotandazwa kuzunguka maji. Wapiga picha wa dunia nzima walikuja. Picha zao zikaifanya Nakuru ijulikane na watu ambao hawakuweza kuionyesha Kenya kwenye ramani.

Mji ulio kando ya ziwa hilo haukujengwa kwa sababu ya ndege. Inasemwa kwamba jina la Nakuru latokana na neno la Kimaasai lenye maana ya mahali pa vumbi, na kila aliyepita huko wakati wa kiangazi, ziwa likiwa limerudi nyuma na upepo ukipeperusha magadi makavu, hatabisha. Reli ya kutoka Mombasa ilifika hapo mwaka 1900. Mwaka 1904 Wamaasai walitiwa katika mkataba uliowaondoa katika sehemu hiyo ya Bonde la Ufa na kuwapeleka Laikipia, nao walowezi wakagawiwa ardhi yao. Nakuru ikawa soko na kitovu cha walowezi hao: mahindi, ngano, maziwa, pareto. Ziwa lilikuwa nyuma ya mji, mahali pa kutupia macho jioni na, kusema kweli, mahali pa kutupia mengine pia.

Mwanzoni mwa miaka ya 1960, Kenya ikiwa inakaribia kujitawala, sehemu kubwa ya kusini ya ziwa ilitengwa kuwa mahali pa kuhifadhi ndege. Mwaka 1968, chini ya Serikali ya nchi huru, ikatangazwa kuwa hifadhi ya taifa. Husemwa kwamba hiyo ndiyo hifadhi ya taifa ya kwanza barani Afrika iliyowekwa kwa ajili ya ndege. Katika miaka ya 1970 mashamba ya kando yalinunuliwa, kwa msaada wa fedha za kimataifa, ili ziwa lizungukwe na nchi kavu iliyo chini ya ulinzi, na hifadhi ikafikia kilomita za mraba 188. Huo ulikuwa uamuzi wa busara na wa gharama. Nchi ambayo wananchi wake walikuwa wakidai ardhi kwa haki kabisa, ilitoa ardhi nzuri ya Bonde la Ufa ikawapa ndege.

Katika kipindi hicho hicho lilitokea jambo lililokuwa dogo kwa waliolitenda. Samaki mdogo wa jamii ya perege, ambaye asili yake ni Ziwa Magadi na ambaye amezoea maji makali, aliletwa Nakuru katika miaka ya 1950 na 1960 ili ale viluwiluwi vya mbu na kupunguza malaria mjini. Waliomleta walikuwa wakifikiri habari za homa. Lakini samaki aliongezeka, na wala-samaki wakapata habari. Mwari, yule ndege mkubwa mweupe mwenye mfuko chini ya mdomo, akaanza kuja kwa maelfu. Ndege hao hujenga viota katika visiwa vya mawe vya Ziwa Elmenteita lililo jirani, ambako wamejitenga na fisi na mbweha; lakini Elmenteita haina samaki wa kuwatosha, kwa hiyo hupanda juu na hewa yenye joto, wakavuka vilima, wakavua Nakuru, kisha wakarudi na vyakula vya makinda. Mnandi na tai wa majini nao wakafuata. Ziwa lililokuwa la heroe likawa la ndege wa kila namna, na aina zilizokwisha kuonekana katika hifadhi hiyo zimepita 400. Mipango mingi ya wataalamu haijawahi kuleta faida nusu ya hiyo iliyoletwa na vita dhidi ya mbu.

Pia wako wasafiri wa mbali. Kuanzia Agosti na Septemba, baridi inapoanza kuingia kaskazini ya dunia, hufika vitwitwi, bata wa majini na ndege wengine wa matopeni kutoka Ulaya na Urusi. Kitwitwi mdogo kuliko wote ana uzito usiopita sana gramu 20 na kitu, yaani barua yenye karatasi chache. Ndege huyo huzaliwa katika nchi za barafu za kaskazini kabisa mwa Urusi na Skandinavia, na kabla hajatimiza nusu mwaka huwa amekwisha kuvuka jangwa na kufika Bonde la Ufa. Hali Nakuru kwa anasa. Hula ili ajaze mafuta mwilini, kwa sababu ifikapo Aprili ni lazima aanze safari ya kurudi, na ndege aliyeondoka hajashiba hafiki. Kwa msafiri wa namna hiyo tope la ukingoni, lenye wadudu, ni ghala ya chakula. Likikosekana katika kituo kimoja hawezi kuandika barua kuomba apelekewe akiba kwenye kituo kingine.

Kwa sababu hizo Kenya ilipojiunga mwaka 1990 na Mkataba wa Ramsar, uliotiwa sahihi huko Iran tarehe 2 Februari 1971 kwa ajili ya kuhifadhi ardhi oevu, Nakuru ndiyo iliyoandikwa kwanza kwa upande wa nchi hiyo. Mwaka 2011 Nakuru, Elmenteita na Bogoria ziliingizwa pamoja katika orodha ya urithi wa dunia.

Kati ya tarehe hizo mbili na ile ya mwaka 1968 kulikuwa na vita. Majangili wa pembe za faru walikuwa na bunduki za kivita na wanunuzi wenye fedha. Mwaka 1970 Kenya ilikadiriwa kuwa na faru weusi wapatao 20,000. Ilipofika mwishoni mwa miaka ya 1980 hawakutimia 400. Serikali ikaamua kuwakusanya waliobaki mahali panapoweza kulindwa, na Nakuru, kwa kuwa ilikuwa ndogo na imekwisha kupakana na mji na mashamba, ikachaguliwa. Uzio wa umeme wenye urefu wa zaidi ya kilomita 70 ukazungushwa hifadhi yote, na mwaka 1987 mahali hapo pakawa kimbilio la faru. Askari wa wanyamapori wakawekwa kwenye doria usiku na mchana. Hao ni askari wa kweli, wenye nidhamu ya sare na silaha, nao wamezika wenzao kama wanavyozika askari wa vikosi vingine. Faru wakazaana. Kazi waliyopewa ikatimia.

Uzio huo uliwazuia majangili, ng'ombe na wakata kuni. Ulizuia kila kitu chenye miguu. Kinachotaka kutazamwa ni kile kisichokuwa na miguu.

Mji wa Nakuru ulikuwa na watu wapatao 47,000 katika hesabu ya mwaka 1969. Hesabu ya mwaka 2019 ilikuta watu zaidi ya 570,000, na tarehe 1 Desemba 2021 Nakuru ikapewa hadhi ya jiji. Mji uko juu na ziwa liko chini. Mvua ikinyesha, kila kilichomwagwa barabarani, kilichotupwa mtaroni, kilichotoka gereji na kiwandani, huteremka. Maji taka ya mji nayo yana mwisho huo huo. Katika miaka ya 1990, kwa msaada wa Serikali ya Japani, mitambo na mabwawa ya kusafishia maji taka yalijengwa upya na kupanuliwa, mengine yakiwa ndani ya hifadhi yenyewe. Na si ajabu kuona ndege wa majini wakitembea kwa raha kando ya mabwawa hayo, kwa maana ndege hana haya na chakula. Nyakati za kiangazi kikali, mito ilipokauka, maji yaliyotoka katika mitambo hiyo yalikuwa sehemu kubwa ya maji yaliyoingia ziwani. Yaani kimbilio mashuhuri duniani liliwahi kutegemea uhodari wa fundi wa maji taka wa manispaa. Jambo hilo halimo katika picha za watalii, wala yule fundi hajapata nishani.

Upande wa pili ni milima ya Mau, ambako mito ya Nakuru huanzia. Misitu hiyo ilikatwa kidogo kidogo kwa miaka mingi, kisha mwaka 2001 Serikali ya Kenya ya wakati huo ikaondoa zaidi ya hekta 35,000 za Mau ya Mashariki katika hesabu ya misitu iliyohifadhiwa na kuzigawa kwa makazi na kilimo. Kuna waliokuwa wahitaji kweli na kuna waliopata kwa kujuana. Mto usemao kweli hautazami hati ya mwenye shamba: mvua ikinyesha kwenye mteremko uliochunwa miti, maji huja yote kwa pamoja pamoja na udongo, na mvua ikiacha mto hukauka.

Mwaka 1974 mwani ulipungua ghafula na makundi makubwa ya heroe yakaondoka. Yalirudi baadaye. Mwaka 1993 na tena mwaka 1995 maelfu ya heroe walikufa Nakuru, mizoga ikazagaa ukingoni. Wachunguzi walikuta dalili za ugonjwa unaofanana na kifua kikuu, wakakuta madini mazito mwilini, wakakuta pia sumu ya aina fulani za mwani. Nao hawakukubaliana ni kipi kilichoua kwanza. Katikati ya miaka hiyo ya 1990 ziwa lenyewe lilikauka karibu lote, na vumbi lililompa jina lake likaingia madukani. Watu wengi walisema basi, Nakuru imekwisha. Kila mmoja alikuwa akiogopa ukame.

Kumbe adui aliyekuwa njiani alikuwa maji. Kuanzia mwaka 2010 na 2011 maziwa ya Bonde la Ufa, moja baada ya jingine, yalianza kupanda: Baringo, Bogoria, Naivasha, Nakuru. Ziwa lililokuwa na takriban kilomita za mraba 40 lilipita 60 ilipofika mwaka 2020. Lango kuu la hifadhi, lililokuwa upande wa mji, liliingia majini pamoja na ofisi za wakuu wa hifadhi, ikabidi askari wahame na lango jipya lijengwe. Migunga mikubwa ya ukingoni ilisimama ndani ya maji hadi ikafa, na minandi wakafanya viota juu ya matawi makavu. Taarifa iliyotolewa na Serikali ya Kenya mwaka 2021 ilitaja kwanza ongezeko la mvua, na pia udongo unaoletwa na mito kutokana na jinsi ardhi ya juu ilivyotumiwa. Wazee wanakumbusha kwamba maziwa haya yaliwahi kupanda na kushuka zamani, na ni kweli. Lakini zamani hapakuwa na jiji ukingoni.

Maji matamu yalipoongezeka, magadi yalizimuliwa, na supu ikawa nyepesi. Uchunguzi uliofanywa kwa picha za setilaiti na kuchapishwa mwaka 2024 ulionyesha kwamba kati ya mwaka 2009 na 2022 eneo la maji ya Nakuru liliongezeka karibu maradufu, na kipimo cha mwani kikapungua kwa nusu. Heroe hawakungoja uchunguzi. Walikwisha kuhamia Bogoria na kwingineko. Vitwitwi nao walipoteza matope yao, kwa kuwa maji yaliyofika kwenye majani na miti hayaachi tope wazi la kutembelea. Mwari na mnandi, kwa upande wao, hawakuwa na malalamiko makubwa, maana samaki hakuchukia maji yaliyozimuliwa.

Hapo ndipo historia inaporudi upande wa Tanzania. Heroe mdogo anaweza kula katika maziwa mengi, lakini katika Afrika ya Mashariki yote huzaliana kwa kawaida mahali pamoja tu, yaani Ziwa Natron, na inakadiriwa kwamba robo tatu ya heroe wadogo wa dunia huzaliwa hapo. Jambo hilo halikujulikana kwa wataalamu hadi mwaka 1954, pale Leslie Brown, ofisa wa kilimo wa Kenya aliyekuwa bingwa wa ndege, alipoviona viota katikati ya ziwa. Alijaribu kuviendea kwa miguu kupitia tope la magadi. Magadi yaliingia katika viatu, yakamchoma miguu hata akanusurika kifo, akalazwa hospitali kwa majuma kadhaa. Natron haikuzungushiwa nyaya za umeme. Ulinzi wake ni joto, magadi na umbali, na kwa karne nyingi fisi na binadamu wameshindwa na ulinzi huo.

Lakini ulinzi wa namna hiyo una kipimo chake. Viota ni vichuguu vifupi vya tope. Maji yakizidi huzama, yakipungua sana mbweha hupita. Mwaka 1962 Natron ilifurika na heroe wakalazimika kujenga Ziwa Magadi, upande wa Kenya. Huko magadi yaliganda kwenye miguu ya makinda kama pingu, na watu wakaingia katika jua lile wakizivunja pingu hizo moja moja. Maelfu ya makinda yakaokolewa. Baadaye, karibu na mwaka 2007, ulizuka mpango wa kujenga kiwanda kikubwa cha magadi kando ya Natron. Wenye kuhitaji ajira katika wilaya ile kame walikuwa na hoja yao, na si haki kuwabeza. Wengine, wakiwemo wenye hoteli na wahifadhi wa Kenya, walipinga kwa sababu watoto wa kiwanda hicho wangekuwa ni maziwa matupu upande wa pili wa mpaka. Mwekezaji wa nje alijitoa mwaka 2008. Tanzania ilikuwa imekwisha kuiandikisha Natron chini ya Mkataba wa Ramsar tangu mwaka 2001, na nchi zote mbili zimo katika mapatano ya kuhifadhi ndege wa majini wahamao baina ya Afrika, Ulaya na Asia.

Huko Nakuru maji ya mwaka 2020 hayakuishia kwenye lango. Yaliingia mitaa ya Mwariki na Barut, yakajaza vyoo, yakapanda kwenye sakafu, na familia zikatoka na vitanda vichwani. Uzio wa umeme uliowekwa kuzuia majangili ulikutwa, sehemu kadhaa, ndani ya ziwa. Nguzo zikang'olewa na kusimikwa juu zaidi. Kwa watu wa mitaa hiyo swali likawa geni kabisa: mtu mwenye hati ya kiwanja ambacho sasa kina samaki na mwari, je, yeye ameingia katika hifadhi, au hifadhi ndiyo iliyoingia kwake? Askari wa doria anayepita kando ya uzio mpya hana amri inayomwambia ajibu nini. Na kila Januari, kama ilivyofanyika tangu mwanzoni mwa miaka ya 1990, wahesabuji wa ndege hufika na darubini na daftari, wakauzunguka ukingo uliosogea, wakaandika waliopo.